MZEE MAJUTO: ALIANGUKA ILI SISI TUCHEKE

Akina mama wapenzi, ni nyumba gani yenye televisheni katika nchi yetu ambayo haijapata kumkaribisha Mzee Majuto sebuleni? Mzee yule mwembamba wa Tanga aliingia bila kupiga hodi. Alijikwaa, akakimbizwa, akachapwa fimbo, akaanguka chini kama gunia la mahindi, kisha akanyanyuka huku akifoka na kutoa macho. Watoto wakagaagaa sakafuni kwa kicheko. Mama akaacha mwiko jikoni akaja kuchungulia mlangoni. Hata baba, ambaye tangu arudi kazini hakuwa amesema neno, alicheka mpaka akafuta machozi.

Mzee huyo hatunaye tena. Alifariki dunia tarehe 8 Agosti 2018, siku ya Nane Nane, katika Hospitali ya Taifa Muhimbili, wiki moja tu baada ya kutimiza miaka 70. Lakini michezo yake bado inatazamwa, na watoto waliozaliwa baada ya kifo chake wanamcheka kana kwamba yupo chumba cha pili.

Katika makala hii tungependa kuyatazama maisha yake na kazi yake. Halafu tutawasimulia jinsi kicheko alichokileta nyumbani kwetu hapa Kilema kilivyofichua ugonjwa uliokuwa umefichwa kwa miaka. Sisi kazi yetu ni uuguzi, na jambo hili limetufundisha zaidi ya tulivyofundishwa chuoni.

MTOTO WA TANGA

Jina alilopewa na wazazi wake ni Amri Athumani. Alizaliwa Tanga tarehe 1 Agosti 1948. Alianza kuigiza jukwaani mwaka 1958, alipokuwa bado mtoto mdogo. Hebu fikiri, wakati huo Tanganyika ilikuwa haijapata uhuru. Tangu mwaka huo hadi alipofariki ni miaka sitini. Ni watu wachache sana, katika kazi yoyote ile, wanaojaliwa kufanya kazi moja kwa miaka sitini.

Enzi hizo hapakuwa na televisheni. Mchekeshaji alikuwa na vitu viwili tu: mwili wake na sauti yake. Mtu aliyekaa nyuma kabisa ya ukumbi hakuweza kuona kama mchezaji amekunja uso au amekonyeza jicho. Kwa hiyo mchezaji alilazimika kufanya kila kitu kwa ukubwa. Akishangaa, mwili mzima ushangae. Akiogopa, aruke. Akipigwa, aanguke chini kwa kishindo. Mafunzo hayo ya jukwaani hayakumtoka Mzee Majuto hata alipozeeka. Ndiyo maana watoto walimpenda, maana mtoto wa miaka mitatu asiyefuata maneno ya hadithi alimwelewa vizuri kabisa kwa kumtazama tu.

Na lile jina la Majuto alilojulikana nalo, sote tunajua wahenga walivyosema: majuto ni mjukuu, huja baadaye. Ndivyo yalivyokuwa maisha ya yule mzee aliyemwigiza. Kila mara alifanya ujanja wake kwanza, akajuta baadaye. Alikuwa bahili, akaumbuka. Alitamani kisicho chake, akakimbizwa. Alijifanya kijana, mgongo ukamsaliti. Tulimcheka kwa sababu tulimfahamu. Kila ukoo una mzee wa namna hiyo, na kila mmoja wetu ana siku zake za kuwa Majuto.

KUTOKA REDIO HADI SEBULENI

Wasomaji wetu vijana huenda wasiamini kwamba Tanzania Bara haikuwa na televisheni mpaka mwaka 1994. Wenzetu wa Zanzibar walikuwa nayo tangu mapema miaka ya 1970. Huku bara tulicheka kwa masikio. Tulikaa kuizunguka redio ya mbao, tukawasikiliza Pwagu na Pwaguzi wa Redio Tanzania Dar es Salaam, na kila mmoja akajichorea kichwani sura zao.

Sisi wa huku mlimani tulikuwa na bahati kidogo kwa sababu ya kupakana na Kenya. Tukiwa watoto, jirani mmoja mwenye uwezo alisimamisha antena juu ya mti mrefu kuliko migomba yote ya kihamba chake. Siku ambazo mawingu hayakuwa mazito, alinasa picha kutoka ng'ambo ya mpaka. Televisheni yenyewe iliendeshwa kwa betri ya gari. Tulijaa pale watoto wa kitongoji kizima, wengine dirishani, tukimtazama Mzee Ojwang na Mama Kayai katika Vitimbi. Picha ilijaa chenga kama mvua ya mawe, lakini tulicheka. Baadaye tulikuja kujua kwamba Mzee Ojwang jina lake ni Benson Wanjau, na kwamba alikuwa Mkikuyu ingawa aliigiza kwa lafudhi ya Kijaluo kiasi cha kuwadanganya hata Wajaluo wenyewe.

Ilipokuja televisheni ya kwetu, wachekeshaji wa kwetu nao wakapata uwanja. Wengi mtamkumbuka Mzee Small, yaani Said Ngamba, na ugomvi wake usiokwisha na Bi Chau. Halafu zikaja filamu za kanda na baadaye za CD, ambazo mtu alizinunua sokoni na kwenda nazo nyumbani. Hapo ndipo Mzee Majuto alipokuwa mfalme kweli, na watu wakamwita King Majuto. Alikuwa tayari mtu mzima mwenye umri wa kustaafu, lakini alicheza filamu moja baada ya nyingine. Alionekana pia kwenye matangazo ya biashara, akiwa na kijana wa Tanga mwenzake, Sharo Milionea. Mmoja mzee wa mambo ya kale, mwingine kijana wa majivuno na mwendo wa madaha. Wakikutana tu, watu walianza kucheka kabla hawajasema neno. Kwa masikitiko makubwa kijana huyo alifariki kwa ajali ya gari huko Muheza tarehe 26 Novemba 2012.

KUANGUKA NI KAZI

Je, umewahi kujiuliza kwa nini mtu akianguka tunacheka? Vichekesho vya kuanguka na kupigwa ni vya zamani sana. Huko Italia, zaidi ya miaka mia nne iliyopita, waigizaji walikuwa na kijiti kilichotengenezwa kwa vibao viwili. Ukimpiga mtu nacho, vibao vinagongana na kutoa mlio mkubwa, lakini aliyepigwa haumii. Watu waliusikia mlio, wakacheka. Tangu hapo hadi kwa Mr. Bean wa Uingereza, aliyeigizwa na Rowan Atkinson kuanzia mwaka 1990 karibu bila kusema neno, siri ni ile ile: mlio mkubwa, maumivu madogo. Tunacheka kwa sababu tunajua moyoni kwamba atanyanyuka.

Lakini kunyanyuka huko kuna ufundi. Mtu aliyezoea kuanguka jukwaani hatangulizi mkono kuzuia ardhi. Hulegeza magoti, akashukia paja na kalio, akaviringika kwa bega, na kichwa huwa amekiinamisha kifuani. Amefanya mazoezi, anajua atakapoangukia, na mwenzake anajua nguvu ya fimbo.

Mtoto wako hajui hayo. Yeye ameona mzee ameanguka na watu wamecheka, basi naye anataka kuchekwa. Tumekwisha kuwapokea watoto walioruka kutoka kitandani au ukutani wakimwigiza mtu wa kwenye televisheni, wakatanguliza kiganja, mfupa wa mkono ukavunjika karibu na kifundo. Kwa hiyo mama, usizime televisheni, bali kaa nao. Waambie, "Yule babu amejifunza, na kile kijiti ni cha mchezo." Na mtoto akianguka, mkono ukavimba au ukapinda, usikubali uvutwe wala uchuliwe. Ufunge na kipande cha ubao au hata gazeti lililokunjwa, uuning'inize kwa kanga shingoni, umpeleke hospitali.

Jambo jingine la kuwaeleza watoto ni hili: tunamcheka mzee wa kwenye mchezo, hatumcheki mzee wa kweli aliyeanguka njiani. Tuliwahi kuona watoto wakimcheka bibi aliyeteleza kwenye tope karibu na mfereji. Hawakuwa watoto wabaya. Hapakuwa na mtu aliyewaonyesha tofauti.

DESEMBA ILE

Sasa tuingie kwenye habari yenyewe. Kama mjuavyo, mwezi wa Desemba sisi Wachaga hurudi nyumbani. Magari hupanda mlima usiku na mchana, vihamba vinajaa watu, na kila nyumba inanuka ndizi na nyama. Desemba ya mwaka 2017 vijana wetu walitoka Dar es Salaam na deki na CD za Mzee Majuto. Jioni ya siku ya pili ya Krismasi tulikusanyika nyumbani kwa Baba Mkubwa, vizazi vitatu katika sebule moja, wakubwa kwenye viti, watoto mkekani.

Baba Mkubwa ni mtu wa utani. Kwenye vikao vya ukoo yeye ndiye anayezima ugomvi kwa neno moja la kuchekesha. Jioni ile Mzee Majuto alipofumaniwa na mkewe na kuanza kukimbia, Baba Mkubwa alicheka kuliko watoto. Kisha ghafla akanyamaza. Alikuwa ameushika mtoki wake wa kulia kwa mkono, ameinama, jasho linamtoka kwenye paji la uso. Ilichukua kama dakika moja, halafu akajikohoza na kusema, "Huyu mzee atatuua kwa kucheka." Watu wote wakacheka tena.

Mama Mkubwa hakucheka. Tulimwona akiangalia chini.

Tulipokwenda naye jikoni kupakua chakula, tulimuuliza polepole. Alikawia kujibu. Kisha akasema, "Mwanangu, ni mwaka wa tatu sasa. Pana uvimbe, unatoka na kurudi. Anajifunga kitambaa kiunoni kila asubuhi kabla ya kwenda shambani. Na usiku anaamka kukojoa mara nne, mara tano. Amenikataza nisimwambie mtu. Nikimwambia twende hospitali, ananitania mpaka nacheka, na maneno yanaishia hapo."

Ananitania mpaka nacheka, na maneno yanaishia hapo. Hatujayasahau maneno hayo. Tumekuwa wauguzi kwa miaka mingi, tumekula mezani kwa mzee huyu mara nyingi, na hatukuwa tumeona kitu. Utani wake ulikuwa pazia.

Kesho yake tulimfuata kihambani, tukamwambia kwa heshima kwamba tumemwona alivyoshika tumbo. Akatuuliza, "Sista, ugonjwa wa kucheka una dawa?" Tukamweleza habari za kupimwa. Akatania habari za daktari na kidole chake, kama wanaume wengi wanavyotania. Tukaondoka bila kufanikiwa, na tunakiri kwamba na sisi tulicheka.

HABARI KUTOKA REDIONI

Mwaka 2018 ulipoingia, nchi nzima ilianza kusikia kwamba King Majuto anaumwa. Habari zilizotangazwa zilitaja henia na tezi dume. Mwezi Mei alisafirishwa kwenda India kwa matibabu, na serikali ikasaidia. Baadaye alirudi, akalazwa tena Muhimbili.

Katika siku hizo hizo mambo mengine yalijitokeza. Watu wengi, na sisi tukiwemo, tulidhani kwamba mtu aliyeonekana kwenye kila televisheni na kila tangazo lazima awe tajiri. Kumbe sivyo. Filamu nyingi za wakati ule ziliuzwa moja kwa moja kwa msambazaji. Msanii akishalipwa mara moja, CD ikauzwa mara elfu, yeye hapati tena kitu. Suala la mikataba yake lilifika hadi serikalini, na waziri aliyehusika na sanaa wakati huo, Dk. Harrison Mwakyembe, aliunda kamati ya kupitia mikataba ya wasanii. Tuliokuwa tumemcheka kwa CD iliyonakiliwa bila ruhusa na kuuzwa kwa bei ya chini kituoni, tuliona aibu kidogo. Kicheko chetu kilikuwa na bei, na hatukuwa tumeilipa.

Lakini kwa Baba Mkubwa, habari hizo zilifanya kazi ambayo wauguzi wa ukoo tulishindwa kuifanya. Jioni moja ya mwezi Mei alikuwa akisikiliza redio, akasikia kwamba mzee Majuto amepelekwa India, na ugonjwa ukatajwa kwa jina lake, wazi, mbele ya nchi nzima. Mama Mkubwa anasema mzee alizima redio, akakaa kimya kitambo. Kisha akasema, "Kama Majuto amekubali kulala kitandani watu wamwone, mimi najificha kwa nani?" Asubuhi yake alituma mtoto atuite.

Hatusemi kwamba King Majuto alichelewa au aliwahi kutafuta tiba. Hayo ni ya kwake, familia yake na madaktari wake. Tunasema tu kwamba ugonjwa wake ulipotajwa bila kufichwa, mzee mmoja wa Kilema alipata ujasiri wa kuutaja wa kwake.

TUYAJUE MAGONJWA HAYA

Akina mama, mambo haya ni ya wanaume lakini anayefua nguo na kulala pembeni ni wewe. Kwa hiyo ni vizuri uyajue.

Watu wengi huita ngiri kila maumivu ya chini ya kitovu. Hospitalini tukisema henia tuna maana ya kitu kimoja: ukuta wa tumbo umelegea mahali, na sehemu ya utumbo au mafuta ya ndani inasukumwa nje kupitia hapo. Kwa wanaume mara nyingi ni kwenye mtoki, na inaweza kushuka mpaka kwenye korodani. Uvimbe hutokea mtu akisimama, akikohoa, akinyanyua mzigo au akicheka sana. Akilala chali hurudi. Kitambaa hakiuponyi, wala mizizi ya kuchemsha. Tiba yake ni upasuaji wa kuuziba ukuta huo.

Hatari ni pale utumbo unapobanwa ukashindwa kurudi. Uvimbe unakuwa mgumu, unauma sana, mgonjwa anatapika, tumbo linajaa na hapati choo wala hewa. Hapo msisubiri kupambazuke. Utumbo uliobanwa unakosa damu na unaweza kuoza kwa muda wa saa chache. Tafuteni gari usiku huo huo.

Tezi dume kila mwanamume anayo. Ni kiungo kidogo kilicho chini ya kibofu, kimeuzunguka mrija wa mkojo. Kuanzia umri wa miaka hamsini hivi, kwa wanaume wengi hukua na kuubana mrija huo. Dalili zake mnazijua bila kusomea: kuamka mara nyingi usiku, mkojo kuchelewa kuanza, kutoka kwa nguvu ndogo, na kuhisi kwamba haujaisha. Siku nyingine unaweza kuziba kabisa, na mgonjwa akaletwa analia kwa maumivu. Si kila tezi iliyokua ni saratani. Lakini saratani ya tezi dume inaweza kuanza bila dalili yoyote, na ndiyo sababu ya kwenda kupima. Kuna kipimo cha damu, na kuna daktari kupima kwa kidole, jambo la dakika moja ambalo limetaniwa kuliko lilivyo.

Na magonjwa haya mawili hukutana. Mzee anayejikamua kila akikojoa, anasukuma pia ukuta wa tumbo lake, na henia inapata njia. Ndiyo maana daktari alipompima Baba Mkubwa uvimbe, aliuliza kwanza habari za usiku, naye akatazama dari. Mama Mkubwa ndiye aliyejibu. Alijibu yote, idadi ya mara na miaka. Baba Mkubwa alisema baadaye kwamba hakujua kumbe mkewe alikuwa anahesabu.

Alipewa dawa za tezi, vipimo vikaonyesha hakuna saratani, na mwezi Julai akafanyiwa upasuaji wa henia. Alirudi nyumbani akitembea kwa mkongojo wa utani tu, maana hakuuhitaji.

SIKU YA NANE NANE

Habari za msiba wa King Majuto zilitufikia usiku. Tulikwenda kumjulia hali Baba Mkubwa siku iliyofuata, tukamkuta kwenye kigoda nje, redio iko mapajani. Kule Tanga watu walikuwa wakijiandaa kumpokea mzee wao aende kuzikwa kwao. Baba Mkubwa hakutania siku hiyo. Alisema, "Yule mzee alinisaidia na hakunijua." Mama Mkubwa akaleta uji, tukanywa bila maneno mengi.

Wachekeshaji wetu wakubwa wameondoka kwa kufuatana. Mzee Small alipatwa na kiharusi mwaka 2012, akafariki Muhimbili tarehe 7 Juni 2014. Mzee Ojwang, aliyetuchekesha kupitia antena ya jirani, alisumbuliwa na macho mpaka wasamaria wema wakamchangia matibabu, naye akafariki kwa nimonia katika Hospitali ya Kenyatta, Nairobi, tarehe 12 Julai 2015. Wote walikuwa na miili kama ya kwetu. Walipoanguka kwenye mchezo walinyanyuka, na sisi tukazoea kwamba watanyanyuka siku zote.

TUFANYE NINI SISI AKINA MAMA?

Kwanza, tucheke. Kitabu cha Mithali, sura ya 17, kinaulinganisha moyo wenye furaha na dawa, nasi wodini tumeona ni kweli. Mgonjwa anayecheka hula, na anayekula hupona upesi. Nyumba ambayo baba na watoto wanacheka kitu kimoja kwa pamoja ina utajiri ambao haununuliwi.

Pili, tutazame nyuma ya kicheko. Mume anayetania kila anapoulizwa habari za afya yake huenda anaogopa. Usimwaibishe mbele ya watoto au wakwe. Chagua saa ya utulivu, mkiwa wawili, umwambie ulichokiona: "Baba fulani, usiku wa jana umeamka mara tano. Twende wote." Neno "twende" lina nguvu kuliko "nenda".

Tatu, tusiifanye siri ya ugonjwa kuwa ndiyo heshima ya ndoa. Mama Mkubwa alinyamaza miaka mitatu kwa sababu alidhani kusema ni kumvunjia mumewe heshima. Leo anasema yeye mwenyewe kwenye vikundi vya akina mama kwamba alikosea, na anawaonya wadogo zake.

Nne, mwenye mtoto anayependa kuigiza asimkatishe tamaa, maana Amri Athumani naye alianza akiwa mtoto. Lakini amfundishe kusoma mkataba kabla ya kuweka sahihi, na kuweka akiba siku za makofi.

Mwisho, tukinunua kazi ya msanii, tununue iliyo halali. Anayetuchekesha naye ana nyumba, ana wagonjwa na ana ada za kulipa.

Desemba iliyopita tulikusanyika tena kwa Baba Mkubwa. CD zimepitwa na wakati, vijana waliunganisha simu kwenye televisheni, lakini mzee kwenye kioo alikuwa yule yule. Alijikwaa, akaanguka kama gunia. Wajukuu wakagaagaa mkekani. Baba Mkubwa, ambaye sasa amevuka miaka themanini, alicheka mpaka akakohoa. Mama Mkubwa akamtazama mkono ulikokwenda. Ulikwenda kwenye macho, kufuta machozi. Mama Mkubwa naye akacheka.